Karatasi ya Rangi ya Kahawa

Uliye jikoni, uliyekwama kwenye matatu pale Buxton, nawe uliyekaa barazani na redio sikioni, karibuni tuzungumze.

Juzi baada ya sala ya alasiri nilikaa kwenye baraza moja hapa Makadara, pale vichochoro vinapoanza kubana kuelekea Mji wa Kale. Muuza kahawa alikuwa ametua dele lake, vikombe vyagongana. Mbele yetu palikuwa na mfereji, na mfereji wenyewe umeziba: mifuko, vifuu vya madafu, maji meusi yaliyosimama tangu mvua ya wiki iliyopita. Kijana mmoja wa tuktuk akakunja pua, akasema, "Huyu MCA wetu yu wapi? Si aje azibue hapa?"

Mzee aliyekuwa kando yangu, ambaye sote twamwita Ami, akateremsha kikombe chake na kumjibu taratibu: "MCA ana koleo, mwanangu?"

Watu wakacheka. Kijana hakucheka. Akauliza, "Basi, Ami, kama hana koleo, sisi twampigia kura ya nini?"

Hapo baraza ikanyamaza. Na wewe wazijua baraza zetu, kunyamaza si kawaida yake.

Swali la kijana yule ndilo nililokuja nalo leo. Na jibu langu nalitoa mapema, usije ukazimiwa stima kabla hatujafika mwisho. Mwakilishi wa wadi hana koleo, wala hana gari la taka. Alicho nacho ni mdomo wa kusema katika bunge la kaunti na mkono wa kuinua wakati wa kupiga kura. Sisi twamchagua kwa vitu asivyo navyo, kisha twamlaumu kwa kutovitoa. Kile alicho nacho hatumuulizi abadan.

Tuanze na siku yenyewe ya uchaguzi. Vituo hufunguliwa saa kumi na mbili asubuhi na kufungwa saa kumi na moja jioni, na aliyekwisha simama foleni kabla ya saa hiyo hafukuzwi. Kisheria, kituo kimoja hakizidi wapigakura 700. Watoa kitambulisho, waweka kidole kwenye kile kidude cha tume ya uchaguzi, sura yako yatokea, kisha wapewa karatasi sita. Nyeupe ni ya rais, samawati ya gavana, njano ya seneta, zambarau ya mwakilishi wa wanawake, kijani ya mbunge. Ya sita ina rangi ya kahawia iliyopauka, kama kahawa iliyozidishwa maziwa. Hiyo ndiyo ya mwakilishi wa wadi, MCA. Na masanduku yana vifuniko vya rangi hizo hizo, ili usije ukamtumbukiza rais kwenye sanduku la wadi.

Nimewatazama watu pale kituoni. Karatasi nyeupe hukunjwa kwa adabu kama hati ya nyumba. Ikifika ile ya kahawia, mtu huigeuza mara mbili, akamuuliza karani, "Na hii nayo ya nani?" Mwingine hutafuta tu alama ya chama alichokwisha kukipigia juu, akatia tiki akenda zake. Nchi hii twaita kupiga suti, vipande vyote sita vya kitambaa kimoja. Suti hupendeza harusini, msikilizaji. Lakini hebu niambie, fundi gani akukatie suti asikupime kiuno?

Nchi nzima ina kaunti 47 na wadi 1,450. Kaunti yetu ya Mombasa, ile nambari 001, ina maeneo bunge sita na wadi 30. Eneo bunge letu la Mvita lina wadi tano: Mji wa Kale/Makadara, Tudor, Tononoka, Majengo, na Shimanzi/Ganjoni. Kwa hiyo ukitoka Ngome, Fort Jesus, ukapita vichochoro hadi Makadara, uko ndani ya wadi moja, na mtu mmoja tu ndiye atakayesimama bungeni kukusemea juu ya njia ile yote.

Kugombea si jambo la mabwanyenye peke yao. Ada ya tume kwa anayetaka kiti cha wadi ni shilingi 5,000, na wanawake, vijana na watu wenye ulemavu hulipa nusu yake. Ukidhaminiwa na chama, vyema. Ukitaka kusimama peke yako bila chama, katiba yataka wapigakura 500 wa wadi ile wakuunge mkono, na usiwe mwanachama wa chama chochote katika miezi mitatu kabla ya uchaguzi. Anayepata kura nyingi ndiye mshindi, hata akizidi kwa kura moja. Hakuna duru ya pili kama ya rais. Matokeo ya wadi hutangazwa na msimamizi wa uchaguzi wa eneo bunge. Asiyeridhika ana siku 28 za kwenda kortini, na kesi ya wadi huanzia kwa hakimu, ambaye naye sharti aimalize ndani ya miezi sita.

Hesabu ya sheria ndiyo hiyo. Hesabu ya mtaani ni nyingine. Mahali ambapo chama kimoja kina nguvu, uchaguzi wa kweli hupita miezi kabla, kwenye mchujo wa chama, na siku hiyo wenye kujitokeza huwa wachache. Wewe uliyekaa nyumbani wakati wa mchujo ukasema utangoja uchaguzi wenyewe, huenda Agosti ukakuta biriani imeshapakuliwa, umebakiziwa ukoko.

Halafu kuna viti ambavyo hatupigii kura moja kwa moja. Katiba imesema jinsia moja isizidi thuluthi mbili ya bunge la kaunti. Basi baada ya uchaguzi vyama hupewa viti maalum kulingana na viti vya wadi vilivyoshinda, na majina hutoka kwenye orodha vilizowasilisha mapema kwa tume. Viti hivi vina sababu yake. Mwaka 2013 wanawake waliochaguliwa kwa kura za wadi Kenya nzima walikuwa 82. Mwaka 2017 wakawa 96. Mwaka 2022 wakafika 115. Mia na kumi na tano, katika wadi 1,450! Kwa hivyo ukisikia mtu adharau viti maalum, muulize yeye mwenyewe alimpigia mwanamke gani kwenye karatasi ya kahawia.

Sasa nirudi nyuma kidogo, kwa sababu tabia yetu na MCA ina mizizi.

Mji huu haukuanza jana kuchaguana. Kabla ya tume na masanduku, Mvita ilikuwa na Thenashara Taifa, yaani mataifa kumi na mawili: Tisa upande mmoja na Thelatha upande wa pili, na kila upande ulikuwa na tamim wake wa kuusemea mbele ya mtawala. Mkoloni akaja akatawala kupitia liwali na mudir, hao wa kuteuliwa, kisha akaleta baraza la manispaa. Mwaka 1963 tukapata bunge la jimbo la Pwani chini ya Ronald Ngala, na mwaka uliofuata majimbo yakavunjwa. Mwaka 1988 tukapangwa mstari nyuma ya wagombea, mlolongo, kila mtu aonekane na jirani yake na mwajiri wake. Wenye umri wangu hatujausahau mstari ule.

Lakini wengi wetu tulilelewa na diwani. Diwani tulimchagua sisi, halafu madiwani ndio waliomchagua meya kati yao. Najib Balala alikuwa meya wa mji huu mwaka 1998 kwa njia hiyo, kwa kura za madiwani wenzake na si kwa kura yangu na yako. Na karani wa mji, aliyeshika kalamu na kasha, alitoka kwa serikali kuu. Matokeo yake ni kuwa diwani alikuwa na bidhaa moja ya thamani, kura yake ya umeya. Wakati wa kumchagua meya ukikaribia, kote nchini ilikuwa kawaida kusikia madiwani wamefungiwa hotelini, wanalishwa na kulindwa wasije wakaibwa na kambi ya pili. Mwananchi alibaki nje ya hoteli. Akajifunza kumdai diwani pale alipoweza kumpata: mchango wa mazishi, nauli ya hospitali, sare ya mtoto, futari ya Ramadhani.

Katiba iliyozinduliwa tarehe 27 Agosti 2010 ikabadilisha mpangilio huo, na uchaguzi wa mwaka 2013 ukayatia mabadiliko hayo vitendoni. Umeya ukaondoka. Gavana twamchagua wenyewe, yeye na naibu wake katika karatasi moja, kwa mihula isiyozidi miwili. Hassan Joho akawa wa kwanza kwetu, akahudumu mihula yote miwili, hadi 2022. Diwani akawa MCA. Jina likabadilika, lakini sisi tukabaki na mkono ule ule tulionyoosha mbele ya diwani.

Ngoja nikusomee kwa maneno yangu jambo moja lililomo ndani ya Sheria ya Serikali za Kaunti ya mwaka 2012, kifungu cha 9. Kinasema mwakilishi wa wadi awe karibu na watu wake, awasikilize, apeleke maoni yao bungeni, ahudhurie vikao. Kisha kinamkataza waziwazi asiingie katika kazi za utendaji za serikali ya kaunti, wala asitoe huduma kana kwamba yeye ni mfanyakazi wa kaunti. Yaani Ami alikuwa sawa kushinda alivyojua. Si kwamba MCA hana koleo. Sheria yenyewe imemnyang'anya koleo.

Kwa nini? Kwa sababu kazi yake ni kumsimamia mwenye koleo. Mwenye koleo ni gavana na mawaziri wake wa kaunti na maafisa wao. Ukimpa msimamizi koleo, nani atasimamia?

Sasa tuipime nguvu yake. Zipo kazi ambazo katiba imezikabidhi kaunti: zahanati na hospitali za kaunti, chekechea, masoko, taka, maji na usafi, barabara za kaunti, zimamoto, mipango ya ujenzi, leseni za biashara. Polisi, bandari, shule za msingi na sekondari si zake. Askari akimkamata kijana wako usiku, MCA aweza kukusindikiza kituoni kwa ubinadamu tu, hana amri pale. Ngome yenyewe iko chini ya Makavazi ya Kitaifa. Lakini taka zilizo nje ya ukuta wa Ngome ni za kaunti. Soko la Marikiti ni la kaunti. Kibali cha kuongeza ghorofa juu ya nyumba ya mawe ya mababu, au kuibomoa ukaweka vioo, kinapitia kwenye meza za kaunti, na sheria za mipango hiyo zapitishwa na bunge la kaunti.

Fikiria muuza viazi vya karai pale pembeni. Kila mwaka kaunti hupeleka bungeni Mswada wa Fedha. Humo ndimo mlimo ada ya leseni yake, ada ya soko, ada ya kuegesha gari, hata ushuru wa mkokoteni unaomletea magunia. Bwana yule huamka siku moja akaambiwa leseni imepanda, akamlaani rais. Rais hakuwemo. Waliokuwemo ni wawakilishi wa wadi, na kila mmoja wao ama aliinua mkono kukubali, au alikataa, au hakwenda kabisa. Mtu wetu alikuwa katika kundi gani kati ya hayo matatu? Hatujui, maana hatukuuliza.

Na pesa kubwa ni zaidi ya hapo. Katiba imeamuru kaunti zigawiwe angalau asilimia 15 ya mapato ya taifa, na juu yake kaunti hukusanya yake. Gavana hawezi kuzitumia bila bunge la kaunti kupitisha bajeti. Akizitumia vibaya, MCA ndiye wa kumwita waziri wake kwenye kamati, amkalishe, amuulize fedha za mifereji zimekwenda wapi. Gavana mwenyewe akivunja sheria, thuluthi mbili ya bunge hilo zaweza kumpeleka mbele ya Seneti ang'olewe. Mtu mwenye nguvu hizo, sisi twamdai mchele wa futari!

Tena tukimdai mchele, twamharibu. Mshahara wake hautoshi michango ya wadi nzima, kila siku arusi hapa na tanga kule. Basi atatafuta kwingine. Na mahali rahisi pa kutafuta ni kwa yule anayepaswa kumsimamia. Akishakula kwake, mkono wake bungeni utainuka kwa nani? Mfereji wa Makadara huzibia hapo, msikilizaji, kabla mfuko wa kwanza haujatupwa.

Nakuja kwenye jambo linaloniuma zaidi.

Mwaka 2022 watu wa Mombasa tulipiga kura mara mbili katika mwezi mmoja. Tarehe 8 Agosti, mkesha wa uchaguzi, tume ilisimamisha uchaguzi wa gavana katika kaunti mbili, Mombasa na Kakamega, kwa kuwa karatasi zilichapishwa na picha na maelezo yasiyo ya wagombea wetu. Tarehe 9 tukapewa karatasi tano badala ya sita, samawati haimo. Ikatajwa tarehe 23, ikaahirishwa tena, mwishowe tukaitwa tarehe 29. Abdulswamad Shariff Nassir wa ODM akamshinda Hassan Omar wa UDA.

Sina neno na mshindi, alishinda kihalali. Nataka tu uiangalie hesabu. Waliosajiliwa Mombasa walikuwa 641,913. Aliyeshinda alipata takriban kura 119,000. Yaani katika kila watano waliojisajili, hata mmoja kamili hakumpigia mtu ambaye leo anashika hospitali zetu, masoko yetu na taka zetu. Hata tukijumlisha kura za wagombea wote siku ile, nusu ya waliosajiliwa haikufika. Na hata tarehe 9 Agosti, siku ya rais, nchi kwa wastani ilijitokeza asilimia 65 hivi, sisi hatukufika nusu.

Najua sababu, nazisikia barazani kila siku. "Pwani tumesahauliwa." "Ardhi yetu ilikwenda, kura itairudisha?" "Nimepiga tangu enzi za madiwani, sijaona faida." Siwezi kumwambia mtu aliyeporwa kiwanja ajifanye hakuporwa. Lakini haya ni machungu tuliyo nayo na Nairobi. Kumkomoa Nairobi kwa kutompigia mtu wa Makadara ni sawa na kumnunia jirani ukafunga dirisha la chumba chako mwenyewe. Joto ni lako.

Kuna la pili. Tazama majirani zetu. Vuka Lungalunga uende Tanga: mtaa wenyewe una mwenyekiti aliyechaguliwa na wakazi. Tanzania Bara walifanya uchaguzi huo tarehe 27 Novemba 2024, vijiji, vitongoji na mitaa, ukisimamiwa na TAMISEMI, wizara ya serikali za mitaa, na chama tawala CCM kikachukua karibu viti vyote. Jinsi ulivyoendeshwa kulikuwa na malalamiko mengi, lakini ngazi yenyewe ipo. Uganda nao huchagua mwenyekiti wa kijiji kwa kujipanga mstari hadharani, na mwaka 2018 ndipo walipofanya hivyo baada ya kungoja zaidi ya miaka 15. Zanzibar hawachagui: sheha huteuliwa. Na sisi? Chifu ni mwajiriwa wa serikali kuu. Mzee wa mtaa haingii kwa kura. Msimamizi wa wadi huajiriwa na kaunti. Kwa hiyo Kenya, chini ya wadi hakuna kura tena. Karatasi ya kahawia ndiyo ngazi ya mwisho ya mwananchi kukamata, na chini yake ni ardhi tupu.

Na ngazi hiyo ikikosekana, watu huumia. Kuanzia mwanzoni mwa 2023 tume ya uchaguzi ilikaa bila makamishna, hadi Julai 2025 alipoapishwa mwenyekiti Erastus Edung Ethekon na wenzake. Kwa muda wote huo, wadi iliyofiwa na mwakilishi wake, au ambayo korti ilifuta uchaguzi wake, ilikaa bila mtu. Bajeti zikapitishwa, miswada ya fedha ikapitishwa, kiti kitupu. Chaguzi ndogo zikaja kufanywa tarehe 27 Novemba 2025. Muulize mtu wa wadi kama hizo kama karatasi ile haina maana.

Basi tufanyeje? Sitakuambia umpende MCA wako. Nakuomba umdai kilicho chake. Na kilicho chake kina kalenda, ambayo kama huijui utafika sherehe imekwisha. Kila mwaka, kufikia tarehe 1 Septemba, kaunti huwasilisha bungeni mpango wa maendeleo wa mwaka unaofuata. Hapo ndipo mfereji wako huandikwa au husahauliwa. Kufikia tarehe 28 Februari huja taarifa ya mkakati wa fedha, kila idara itengewe kiasi gani. Kufikia tarehe 30 Aprili huja makadirio yenyewe ya bajeti. Na kabla ya kupitishwa, sheria yalazimisha wananchi waitwe watoe maoni. Ile mikutano ya ushirikishaji wa umma unayoona tangazo lake gazetini ukafungia maandazi, ndiyo hiyo.

Nimehudhuria mmoja. Viti vya plastiki vilikuwa vingi kuliko watu. Afisa alisoma tarakimu kwa haraka, soda zikagawiwa, watu wakatia saini kwenye daftari, wakatawanyika. Mama mmoja tu, muuza samaki, ndiye aliyeinua mkono akauliza: "Hapo mliposema mifereji, ni mifereji ya wapi?" Afisa akapekua makaratasi. Akapekua tena. Akaahidi kuleta jibu. Swali la maneno saba lilimtoa jasho mtu mwenye kompyuta. Je, tungalikuwa hamsini wa kuuliza hivyo?

Kwa hivyo mkikutana na mheshimiwa, iwe mazishini, msikitini au kwenye mkutano wa kampeni uwanjani Makadara, msimwombe nauli. Muulizeni matatu. La kwanza: katika bajeti ya mwaka huu, wadi yetu imeandikiwa nini, na kwa shilingi ngapi? La pili: mswada wa fedha ulipopigiwa kura, uliinua mkono upande gani? La tatu: uko kwenye kamati gani, na ni waziri yupi mliyemuita mkamhoji? Akijibu, hata kama hakuwahi kukununulia chai, mrudishe. Akishindwa, hata kama alizika nusu ya mtaa kwa mfuko wake, mshukuru kwa sadaka yake, Mungu atamlipa, na kura mpe mwingine.

Nilirudi barazani jana kumweleza kijana wa tuktuk haya yote. Alinisikiliza hadi mwisho, kisha akaniuliza tarehe 30 Aprili itaangukia siku gani, maana siku nyingine huwa na abiria wa asubuhi. Nikamwambia aende kabla ya siku hiyo, siku ya mkutano wa wadi, na asiende peke yake. Ami akasema yeye magoti hayamruhusu, lakini maswali atayaandika.

Mfereji bado umeziba. Uchaguzi mkuu ni Jumanne ya pili ya Agosti mwaka 2027, tarehe 10. Mikutano ya bajeti haingoji siku hiyo. Kama hujajisajili kuwa mpigakura, nenda afisi ya tume ya eneo bunge lako na kitambulisho chako. Kama umejisajili, sikiliza tangazo la mkutano ujao wa wadi, uchukue jirani mmoja, mwende mkaulize.